Johnny Unitas: mkono uliojenga ligi ya Marekani, mwisho ukashindwa kushika uma

#1 – Mleta mada

Wakuu, habari za jioni.

Nipo Maryland, Marekani, huu ni mwaka wa tisa. Kazi yangu ni kuhudumia wazee majumbani mwao. Mmoja wao ni mzaliwa wa Baltimore, ana miaka 80 na ushee, na mikono inamtetemeka kiasi kwamba uji wa asubuhi namlisha mimi. Mwaka jana, nikiwa nimeinua kijiko, alinishika kifundo cha mkono akasema, "Hata Johnny mwishoni hakuweza kushika uma."

Nikadhani anamzungumzia ndugu yake. Akanielekeza ukutani kwa kidevu. Pale pana picha ya kijana mwenye nywele fupi kama kuruta, mabega yameinama kidogo, jezi namba 19, miguuni viatu vyeusi vya shingo ndefu. Johnny Unitas, kotabeki wa Baltimore Colts. Tangu siku ile mzee ananisimulia kila asubuhi, na mimi nikirudi kwangu nasoma kila ninachokipata. Nimeona nilete uzi, maana sijawahi kuona mtu akimwandika huyu bwana kwa Kiswahili.

Kwanza kwa wasioujua mchezo. Futiboli ya Kimarekani ni timu mbili za watu 11 kwa 11, uwanja wa yadi 100. Timu inayoshambulia inapewa majaribio manne kusogea yadi 10. Ikifanikiwa inapewa mengine manne, ikishindwa mpira unakwenda kwa wapinzani. Kotabeki ndiye anayeupokea mpira kila shambulizi linapoanza, na ana sekunde kama tatu hivi kuamua: ampe mkimbiaji au aurushe mbele kwa mpokeaji, huku majitu ya kilo mia na zaidi yanamjia kumkandamiza. Mpira ukifika kwenye eneo la mwisho la wapinzani ni tachidauni, pointi 6.

Siku hizi kocha anaongea na kotabeki kupitia spika ndogo iliyomo ndani ya kofia. Miaka ya 50 hapakuwa na kitu hicho. Unitas aliwaita wenzake kwenye duara, akapanga shambulizi mwenyewe, akatoka akalitekeleza. Ukitaka kumwelewa anza hapo, kwamba alikuwa mchezaji na kocha wa uwanjani kwa wakati mmoja.

Alizaliwa Pittsburgh, Pennsylvania, Mei 7, 1933, kwenye familia yenye asili ya Lithuania. Baba yake alikuwa na biashara ndogo ya kusambaza makaa ya mawe, akafariki Johnny akiwa na miaka 5. Mama yake, Helen, akabaki na watoto wanne. Aliishika ile biashara, akafanya na vibarua vingine, na usiku akaenda kusomea utunzaji wa hesabu. Mzee wangu anasema ukitaka kujua ule utulivu wa Johnny ulitoka wapi usimtafute kocha, mtafute yule mama.

Shuleni alikuwa mzuri lakini mwembamba. Ndoto yake ilikuwa Chuo Kikuu cha Notre Dame, wakamwona mdogo mno. Chuo cha mjini kwao Pittsburgh, mtihani wa kuingia ukamshinda. Walioishia kumpokea ni Louisville, Kentucky, akiwa na kilo kama 66 tu. Mtu wa kilo 66 kwenye mchezo huu!

Nameza mate kidogo, narudi.

#2 – Mchangiaji

Mkuu shusha nondo, nimeweka kiti hapa. Mimi ninaangalia Super Bowl, fainali ya mchezo huo, kila mwaka usiku wa manane lakini makotabeki ninaowajua ni Brady, Manning na Mahomes. Huyu ndiyo namsikia leo.

#3 – Mleta mada

Mkuu wa #2, kaa vizuri.

Mwaka 1955 Pittsburgh Steelers, timu ya mji wake, walimchagua kwenye raundi ya 9. Akaenda kambini. Kocha Walt Kiesling alikuwa na makotabeki wengine, na kijana hakuchezeshwa hata dakika moja kwenye mechi za maandalizi. Kisha akaachwa. Walimpa nauli ya basi ya kurudia nyumbani. Yeye akasimama barabarani akaomba lifti ili zile hela zibaki mfukoni, maana tayari alikuwa na mke wa kulisha.

Mchana akafanya kazi ya ujenzi, kwenye genge la kusimika nguzo ardhini. Jioni na wikiendi akacheza ndondo. Kweli kabisa wakuu, ndondo! Timu ya mtaani iliyoitwa Bloomfield Rams, uwanja wa udongo, malipo dola 6 kwa mechi. Alikuwa kotabeki, alikuwa mlinzi wa nyuma, na mipira ya kupiga mbali kwa mguu alipiga yeye.

Mwanzoni mwa 1956 simu ikalia. Don Kellett, meneja mkuu wa Baltimore Colts, alikuwa anatafuta kotabeki wa akiba. Inasimuliwa kwamba simu ile iligharimu senti 80. Mkataba ukawa dola 7,000 kwa mwaka, kama atafanikiwa kubaki kikosini. Kocha Weeb Ewbank akamweka nyuma ya George Shaw.

Oktoba 1956, wakiwa Chicago dhidi ya Bears, Shaw akavunjika mguu. Unitas akaingia. Pasi yake ya kwanza ya maana kwenye ligi ilinaswa na J.C. Caroline wa Bears, akakimbia nayo mpaka tachidauni. Muda mfupi baadaye, Unitas akimkabidhi mwenzake mpira, wakagongana, mpira ukadondoka, Bears wakauokota. Mechi ikaisha 58 kwa 27. Wengi wangerudishwa benchi Jumatatu yake. Colts hawakuwa na mtu mwingine, basi wiki iliyofuata akaanza tena, na ile iliyofuata.

Desemba mwaka huohuo akaanza mfululizo wa kurusha angalau pasi moja ya tachidauni kila mechi. Mechi 47 bila kukosa, mpaka Desemba 1960. Rekodi hiyo ilikaa miaka 52. Aliyeivunja ni Drew Brees, Oktoba 2012.

Na hapa lazima nimtaje Raymond Berry, maana Unitas bila Berry ni nusu ya hadithi. Berry alikuwa mpokeaji aliyechaguliwa raundi ya 20, hakuwa na mbio, na macho yake yalihitaji lenzi. Mtu wa kupuuzwa, kama Johnny. Mazoezi yakiisha wenzao wanakwenda kuoga, hawa wawili wanabaki uwanjani. Berry anakimbia njia ileile tena na tena, hatua ngapi mbele, anapogeukia wapi, na Johnny anaurusha mpira kabla mwenzake hajageuka. Walifika mahali pasi inatoka mkononi kuelekea sehemu ambayo bado haina mtu, na mpira unapotua Berry yupo.

Mzee huwa ananionyesha ule mrusho akiwa kitandani. Mkono unapita juu ya sikio, na mpira ukishatoka kifundo kinageuka, kiganja kinatazama nje, kidole gumba chini. Mkono wake unatetemeka lakini umbo la mrusho linaonekana.

#4 – Mchangiaji

Mleta mada, mimi nipo Ohio. Ongeza na hili la 1958. Novemba mwaka huo Unitas alivunjwa mbavu kwenye mechi na Green Bay, pafu likatobolewa. Akakosa mechi mbili tu. Akarudi dhidi ya Los Angeles Rams akiwa amefungwa kinga kifuani, na shambulizi la kwanza kabisa akamrushia Lenny Moore, tachidauni ya yadi 58. Huku wazee wakilisimulia hilo wanasimama.

#5 – Mleta mada

Asante sana mkuu wa Ohio, na umenifikisha mahali penyewe. Fainali ya 1958.

Desemba 28, 1958, Yankee Stadium, New York, watazamaji 64,185. Colts dhidi ya New York Giants. Benchi la ufundi la Giants lilikuwa na makocha wasaidizi wawili: Vince Lombardi upande wa mashambulizi na Tom Landry upande wa ulinzi. Baadaye kila mmoja akawa jina kubwa kuliko timu nyingi. Marekani nzima takriban watu milioni 45 waliangalia kwenye televisheni, isipokuwa wenyewe New York, maana sheria ya ligi ilizuia mechi kuonyeshwa kwenye mji inapochezwa.

Mzee alikuwa kijana wa sekondari. Kwao hapakuwa na televisheni, akaenda kwa jirani na baba yake. Anakumbuka sebule ilijaa moshi wa sigara mpaka picha ikawa haionekani vizuri, na hakuna aliyethubutu kufungua dirisha asije akakosa kitu.

Mapumziko Colts wanaongoza 14 kwa 3. Kipindi cha tatu wanafika mlangoni kabisa, wanazuiwa. Giants wanafufuka, wanapata tachidauni mbili, inakuwa 17 kwa 14. Zimebaki kama dakika mbili, Colts wanaupokea mpira kwenye yadi yao ya 14. Mbele yao kuna yadi 86 na ngome aliyoipanga Landry.

Unitas anawaita wenzake kwenye duara. Pasi kwa Berry, yadi 25. Pasi kwa Berry, yadi 15. Pasi kwa Berry, yadi 22. Mfululizo, mtu yuleyule! Ngome nzima inajua mpira unakwenda kwa nani na haiwezi kuuzuia, kwa sababu unatua kabla Berry hajageuka. Yale mazoezi ya watu wawili baada ya wenzao kwenda kuoga, haya ndiyo malipo yake. Zikiwa zimebaki sekunde 7, Steve Myhra anapiga mkwaju unaopita katikati ya nguzo. 17 kwa 17.

Fainali ya NFL, yaani ligi yenyewe, haikuwahi kuisha kwa sare. Wachezaji wengine walidhani imekwisha, wanasubiri kuambiwa waende bafuni. Waamuzi wakawaambia kuna muda wa nyongeza, na anayefunga kwanza ndiye bingwa. Kwa lugha yetu ya soka, bao la dhahabu.

Giants wanaanza na mpira, wanashindwa kusogea, wanaupiga mbali. Colts wanaanzia yadi yao ya 20. Unitas anasogeza mashambulizi 13. Ngome ikikaa karibu, anarusha. Ikirudi nyuma, anampa Alan Ameche akimbie katikati. Berry siku ile alidaka mara 12, yadi 178.

Wamefika yadi ya 8 ya Giants, na televisheni zikazimika nchi nzima! Waya ulichomoka uwanjani. Mzee anasema baba yake alipiga kile kisanduku kofi, na mwenye nyumba hakumkataza. Hapohapo mtu mmoja akaingia uwanjani akikimbia ovyo, polisi wakamfukuza, mchezo ukasimama mpaka waya ukarudishwa. Inasimuliwa kwamba alikuwa mfanyakazi wa NBC, televisheni iliyokuwa inaonyesha mechi.

Picha inarudi. Hapo kila mtu alitegemea Colts wacheze salama, wapige mkwaju, wachukue ushindi. Unitas akarusha pasi kwa Jim Mutscheller pembeni, mpaka yadi ya 1. Pasi ikinaswa pale, ubingwa umepotea. Waandishi walipomuuliza baadaye kwa nini alihatarisha, aliwajibu kwamba mtu akijua anachokifanya pasi yake hainaswi. Shambulizi lililofuata Ameche akapita kwenye tundu kubwa, akaanguka ndani. 23 kwa 17, dakika 8 na sekunde 15 za muda wa nyongeza.

Picha ya Unitas ya sekunde ile nimeiangalia mara nyingi. Ameche anaingia, watu wanaanza kumiminika uwanjani, na Johnny ameshageuka, anatembea kutoka. Hakuruka. Mzee anasema Baltimore ililipenda lile zaidi ya pasi zote, maana ulikuwa mji wa wafanyakazi wa viwanda vya chuma na bandari. Mtu akimaliza zamu anatoka.

Kila mchezaji wa Colts alipata karibu dola 4,700 kwa ushindi ule. Kumbukeni hiyo hela. Mechi ile ndiyo iliyowaonyesha wenye televisheni na wenye pesa kwamba mchezo huu unaweza kuishika nchi nzima. Lamar Hunt wa Texas aliiangalia, na 1960 ligi pinzani aliyoiasisi, AFL, ikaanza kucheza. Ligi hizo mbili ndizo zilizozaa Super Bowl, kisha zikaungana rasmi 1970. Mabilioni mnayoyasikia leo yalianza kuonekana jioni ile.

#6 – Mchangiaji

Nimesoma yote, lakini nina hoja. Nimeangalia takwimu zake: tachidauni 290, pasi zilizonaswa 253. Brady ana tachidauni 649 kwenye msimu wa kawaida. Kwa kotabeki wa leo 290 kwa 253 anatafutiwa mbadala. Tusije tukamkuza mtu kwa sababu ya mechi moja ya zamani.

#7 – Mleta mada

Mkuu, hoja yako ni ya haki, nami nilianza na swali hilohilo kwa mzee.

Angalia sheria kwanza. Enzi zake beki aliruhusiwa kumsukuma na kumgonga mpokeaji njia nzima kabla mpira haujarushwa. Mwaka 1978 ndipo ligi ilipozuia kumgusa baada ya yadi 5, na hapo takwimu za pasi zikapanda kwa kila mtu. Unitas alishastaafu. Kotabeki naye alipigwa kichwani, alipigwa magotini, alipigwa mpira ukiwa umeshatoka.

Halafu msimu wa 1959 alirusha tachidauni 32 kwa mechi 12. Hakuna aliyewahi kufika 30 kabla yake. Colts wakatetea ubingwa kwa kuwafunga Giants haohao 31 kwa 16, safari hii nyumbani Baltimore. Alikuwa wa kwanza kwenye historia kufikisha yadi 40,000 za pasi, akamaliza na 40,239. Mchezaji bora wa ligi 1959, 1964 na 1967. Usimpime na Brady, mpime na waliocheza naye miaka ileile, utaona amewaacha kwa umbali gani.

Hizo 253 sizifichi. Alikuwa anarusha mahali ambapo wengine waliogopa, na zilinaswa nyingi.

#8 – Mchangiaji

Kaka samahani, swali la pembeni. Miaka hiyo ya ubaguzi, kotabeki mweusi alikuwepo? Maana wote unaowataja kwenye nafasi hiyo ni wazungu.

#9 – Mleta mada

Dada, si swali la pembeni hata kidogo.

Walikuwepo kwa kuhesabika. George Taliaferro alicheza nafasi hiyo kwa muda mfupi hapahapa Baltimore, kwa Colts, mwaka 1953. Mwaka huohuo Willie Thrower aliingia kama kotabeki wa Chicago Bears kwenye mechi na San Francisco, akarusha pasi 8, na ligi haikumpa nafasi tena. Alitoka New Kensington, mji ulio karibu na Pittsburgh alikokulia Unitas. Vijana wawili wa upande mmoja wa Pennsylvania, wote wanajua kurusha. Mmoja alipoachwa alipigiwa simu ya senti 80, mwingine hakupigiwa. Ikabidi mpaka 1968 ndipo Marlin Briscoe alipoanza mechi huko Denver.

Na Unitas mwenyewe alisimama juu ya mabega ya weusi. Jim Parker, jitu la kilo zaidi ya 120, ndiye aliyemlinda miaka mingi upande wa kushoto, ule ambao kotabeki wa mkono wa kulia hauoni anaporusha. Lenny Moore alikimbia na kudaka. John Mackey alikuja baadaye. Wote watatu wamo kwenye Jumba la Heshima la mchezo huu. Uwanjani mji mzima uliwashangilia, wakitoka nje palikuwa na migahawa ya Baltimore isiyowahudumia. Ninapousifu ule mkono wa dhahabu namsifu na Parker, maana bila yeye ungevunjwa mapema.

#10 – Mleta mada

Sasa sehemu ninayoiandika kwa uzito, na ndiyo iliyonifanya nilete uzi.

Mwaka 1968, mechi ya mwisho ya maandalizi, Unitas aliumia kiwiko cha mkono wa kulia, misuli na kano zikachanika. Msimu mzima nafasi yake akaichukua Earl Morrall, akacheza vizuri mpaka akawa mchezaji bora wa ligi. Januari 12, 1969, Super Bowl III, Colts waliopewa nafasi kubwa wakafungwa 16 kwa 7 na New York Jets ya Joe Namath, iliyofundishwa na yuleyule Weeb Ewbank. Unitas aliingizwa mwishoni mkono ukiwa haujapona, na tachidauni pekee ya Colts ilitokana na yeye.

Miaka miwili baadaye walilichukua kombe, Super Bowl V, 16 kwa 13 dhidi ya Dallas. Unitas alimrushia Mackey pasi ya yadi 75, kisha akaumizwa mbavu akatoka. Mkwaju wa ushindi wa Jim O'Brien ukapigwa zikiwa zimebaki sekunde 5.

1972 uongozi mpya ukaagiza awekwe benchi. Desemba 3 mwaka huo, mechi ya mwisho nyumbani, watu walikuwa wanajua hatarudi. Aliingia kipindi cha mwisho, akarusha pasi kwa Eddie Hinton, tachidauni ya yadi 63, huku ndege ndogo ikipita juu inavuta bango lenye jina lake. Mzee alikuwepo uwanjani na mke wake. Akifika hapa huwa ananyamaza, nami namwacha.

Wakamuuza San Diego. Oktoba 1973 alikwenda kucheza Pittsburgh, kwao, walikomwacha miaka 18 nyuma. Mapumziko Steelers wanaongoza 38 kwa 0, na kipindi cha pili akaingizwa kijana Dan Fouts. 1974 akastaafu. 1979 akaingia Jumba la Heshima.

Ule mkono sasa. Miaka ilivyokwenda, lile jeraha la kiwiko lilirudi kudai. Vidole vya mkono wa kulia vikaanza kufa. Alipokuwa na miaka sitini na kitu hakuweza kufunga kifungo cha shati. Hakuweza kuchana nywele, kushika mswaki, kushika nyundo. Kikombe cha kahawa kikijaa hakiwezi kukaa mkononi mwake. Kula alitumia mkono wa kushoto, kwa sababu uma ulidondoka. Kwenye gofu alivikunja vidole vya kulia kimoja kimoja kwa mkono wa kushoto kuzunguka fimbo, akavifunga kwa mkanda, akapiga, akafungua. Pigo linalofuata, tena upya.

Aliomba malipo ya ulemavu kwenye mfuko wa wachezaji. Alikataliwa. Maelezo aliyopewa ni kwamba muda wa kuomba ulikwisha alipotimiza miaka 55, na tena ulemavu wake haukuwa kamili. Mkono ulizima baada ya umri huo, sasa angeomba vipi mapema kwa ugonjwa ambao haujafika? Ligi iliyokuwa inauza hakimiliki za televisheni kwa mabilioni, biashara iliyofunguliwa na mkono uleule jioni ya Desemba 28, 1958. Mimi nimelisoma lile jibu mara nyingi na bado linaniuma. Kila asubuhi nashika kijiko cha mtu ambaye mkono umemkataa. Najua aibu anayoipata mtu mzima anapofungua mdomo kulishwa. Hakuna umri wa mwisho wa kuombea hilo.

#11 – Mchangiaji

Aisee. Mimi nipo Indianapolis, na huku ndiko Colts walipo sasa. Nimekuwa nikivaa jezi yao miaka yote bila kujua walitoka wapi. Unitas alipofariki 2002, Peyton Manning, kotabeki wetu wa Colts wakati huo, alitaka kuvaa viatu vyeusi vya shingo ndefu kwa kumkumbuka, ligi ikamtishia faini ya dola 25,000, akaacha. Chris Redman wa Baltimore Ravens, aliyesoma chuo kilekile cha Louisville, akavaa, akatozwa dola 5,000. Sasa ndiyo naelewa kwa nini alivaa.

#12 – Mleta mada

Mkuu wa Indianapolis, asante kwa kuja, na usijisikie vibaya kwa jezi yako.

Kwa wasiojua: usiku wa Machi 28 kuamkia 29, 1984, mmiliki Robert Irsay alileta malori ya kuhamisha mizigo, wakapakia timu nzima, asubuhi Colts hawapo. Mji uliamka hauna timu. Unitas hakukubali kamwe. Alisema yeye ni mchezaji wa Baltimore Colts, na timu ya Indianapolis haihusiani na rekodi zake. Ravens walipokuja 1996 alikuwa anaonekana pembeni mwa uwanja wao, amesimama kimya anaangalia.

Alifariki Septemba 11, 2002, kwa mshtuko wa moyo, Timonium, kaskazini ya Baltimore. Alikuwa kwenye kituo cha tiba ya viungo, anafanya mazoezi. Miaka 69. Mwezi uliofuata sanamu yake ikazinduliwa mbele ya uwanja wa Ravens.

#13 – Mchangiaji

Mleta mada, mwezi wa kumi nakuja Washington kwa dada yangu. Baltimore si mbali nasikia. Hiyo sanamu mtu anaweza kuiona bila tiketi ya mechi?

#14 – Mleta mada

Unaiona bure kabisa, ipo nje ya lango la kaskazini. Panda treni kutoka Union Station mpaka Camden, ukishuka tembea kuelekea kusini, kama dakika kumi. Siku ya mechi utakuta foleni, basi njoo siku ya kawaida, asubuhi.

Amechongwa akiwa tayari kurusha, mkono wa kulia umevutwa nyuma na mpira. Mkono huo uko juu, haufikiki. Watu wanagusa kiatu. Wamegusa mpaka shaba imebadilika rangi, sehemu nyingine zote nyeusi, kiatu kinang'aa njano.

Mwezi wa tano nilimpeleka mzee na kiti chake cha magurudumu. Alinyoosha mkono, ukawa unacheza hewani haufiki. Nikaushika kwenye kifundo, palepale aliponishika mimi siku ile ya uji, nikaupandisha mpaka ncha ya kiatu. Alikaa hivyo dakika nzima. Kisha akasema kuna baridi, turudi.

Ukifika Washington nitumie ujumbe PM. Jumamosi huwa sina zamu.